Ugumu wa ukokotozi, nadharia ya ujifunzaji au uhakiki rasmi: uchague ipi kwa utafiti wako?

Mwanafunzi wa sayansi ya kompyuta anayetaka kufanya utafiti wa misingi, ule unaouliza kompyuta inaweza nini na haiwezi nini kabla ya kuuliza itumike wapi, hukutana na njia tatu kubwa. Ya kwanza ni nadharia ya ugumu wa ukokotozi: matatizo gani yanatatulika kwa muda unaovumilika, na yapi hayatatuliki? Ya pili ni nadharia ya ujifunzaji wa mashine: mashine ikipewa mifano, ni lini tuna haki ya kuamini ilichojifunza? Ya tatu ni uhakiki rasmi: tunathibitishaje kihisabati kwamba programu inafanya kile ilichoagizwa, siku zote?

Ulinganisho huu ni wa anayeandaa andiko la uzamili au uzamivu hapa Afrika Mashariki, ambaye ameshapita kwenye algoriti na hisabati za shahada ya kwanza, na ambaye kila anayemwomba ushauri humwambia "fanya akili mnemba" bila kumwambia sehemu ipi. Msimamo wangu nauweka mezani mapema. Utafiti wa misingi ni mahali ambapo mtafiti asiye na fedha nyingi anaweza kusimama bega kwa bega na yeyote duniani. Kufundisha modeli kubwa ya lugha kunataka maelfu ya kadi za GPU. Kuthibitisha kwamba modeli ya aina fulani haiwezi kamwe kujifunza jambo fulani kunataka karatasi, kalamu na utulivu. Sifa hiyo njia zote tatu zinayo, kwa hiyo tuangalie zinakotofautiana.

Vigezo vya kupimia

Nitazipima kwa mambo yaleyale: swali linaloulizwa, hisabati inayodaiwa, siku ya kawaida ya kazi ilivyo, muda hadi tokeo la kwanza, vifaa na upatikanaji wa makala, watu wa kukuongoza, na kazi baada ya shahada. Uzito si sawa. Kwa maoni yangu siku ya kazi na watu vinapita vingine vyote, kwa sababu ndivyo utakavyoishi navyo kwa miaka. Swali lenyewe linafuata kwa karibu.

Swali lenyewe

Chukua ratiba ya mitihani ya chuo. Kozi mbili zikiwa na mwanafunzi hata mmoja anayezisoma zote, haziwezi kuwekwa kipindi kimoja. Ukiwa na vipindi 2 tu, iko algoriti nyepesi inayokujibu upesi kama ratiba inawezekana au la, hata kozi ziwe maelfu. Ongeza kipindi cha 3 na hali inabadilika kabisa: hakuna anayejua algoriti ya haraka inayofaulu kwa kila ratiba. Kwa kozi 100, idadi ya namna za kuzigawa katika vipindi 3 ni namba yenye tarakimu 48. Nadharia ya ugumu inauliza kama uzito huo umo ndani ya tatizo lenyewe, au ni sisi ambao hatujaiona njia.

Mwaka 1971 Stephen Cook alionyesha, na Leonid Levin akafikia jambo hilohilo peke yake huko Muungano wa Kisovieti, kwamba yapo matatizo ya ajabu: ukipata njia ya haraka ya kutatua moja tu kati yake, umepata njia ya haraka ya kila tatizo ambalo jibu lake, likishatolewa, linakaguliwa kwa urahisi. Mwaka 1972 Richard Karp aliorodhesha matatizo 21 ya namna hiyo, na kupaka rangi grafu (kuzipa nodi rangi chache ili mbili zilizounganishwa zisifanane) ni mojawapo. Ratiba yetu ya mitihani ni tatizo hilohilo kwa sura nyingine. Je, njia ya haraka ya matatizo hayo ipo? Hilo ndilo swali la P (matatizo yanayotatulika haraka) na NP (yale ambayo jibu lake linakaguliwa haraka), na tangu mwaka 2000 Taasisi ya Hisabati ya Clay imeliwekea zawadi ya dola milioni 1. Zawadi bado haijachukuliwa.

Nadharia ya ujifunzaji inaanzia kwingine. Tuseme unataka mashine itambue ugonjwa wa muhogo kwa picha ya jani, kama inavyofanya programu ya Nuru ya PlantVillage mikononi mwa wakulima wa ukanda huu. Picha ngapi za mafunzo zinatosha? Leslie Valiant alilipa swali hili umbo la kihisabati mwaka 1984. Tufanye hesabu yake iliyo nyepesi kuliko zote. Mashine inachagua kanuni moja kati ya zile zinazoelezeka kwa biti 20, yaani kanuni 1,048,576, na kanuni sahihi imo humo. Unataka ikosee si zaidi ya mara 5 katika 100, nawe uwe na uhakika wa asilimia 99 kwamba hukudanganywa na bahati ya picha ulizopata. Unachukua logi asilia ya idadi ya kanuni, takribani 13.9, unajumlisha logi asilia ya 100, takribani 4.6, kisha unagawa kwa 0.05. Jibu ni mifano 370. Kanuni zaidi ya milioni, mifano 370 tu! Hesabu hii imewavuta wengi kwenye njia hii, na kwa haki.

Lakini soma masharti yake. Inadai kwamba majani utakayokutana nayo baadaye yanatoka kwenye chungu kilekile cha majani uliyofundishia. Picha zikipigwa mkoani Pwani wakati wa masika, kisha modeli ikapelekwa Kagera wakati wa kiangazi, ahadi ya theoremu imekwisha. Lipo na fumbo kubwa zaidi. Mwaka 2017 Chiyuan Zhang na wenzake walionyesha kwamba mitandao ya neva ya kawaida ina uwezo wa kukariri picha hata zikibandikwa majina ya kubahatisha kabisa, na bado mitandao hiyohiyo, ikipewa majina sahihi, inafanya vizuri kwenye picha mpya. Nadharia ya zamani, iliyotegemea kupima ukubwa wa familia ya kanuni, haielezi hilo. Maelezo kamili bado yanatafutwa.

Uhakiki rasmi unaanza na programu iliyokwisha andikwa. Fikiria msimbo wa kuhamisha fedha kwa simu. Sharti moja ni kwamba jumla ya salio la mtumaji na la mpokeaji, ukihesabu na makato, isibadilike kabla na baada ya muamala. Sharti jingine ni kwamba salio lisiwe hasi, hata maombi mawili yakifika kwa wakati mmoja. Ukijaribu msimbo huo mara elfu moja utajua kuhusu mara hizo elfu moja. Tony Hoare mwaka 1969 alitoa kanuni za kimantiki za kuthibitisha masharti ya namna hii kwa kila pembejeo. Baadaye Edmund Clarke na Allen Emerson huko Marekani, na Joseph Sifakis huko Ufaransa, wakabuni njia ya kuifanya kompyuta yenyewe ikague hali zote za mfumo, kazi iliyowapa tuzo ya Turing, ya juu kabisa katika sayansi ya kompyuta, ya mwaka 2007. Kikwazo chake ni wingi wa hali. Mawakala 10 wenye hali 4 kila mmoja wanatoa hali 1,048,576. Wakiwa 20, hali zinazidi trilioni moja. Juu ya hilo, Alan Turing alishaonyesha mwaka 1936 kwamba hakuna njia moja ya kimakanika ya kujua kwa kila programu kama itafika mwisho. Kwa hiyo mhakiki hufanya kazi akijua ukuta uko wapi, na usanii wake ni kutafuta sehemu ambazo ukuta haujafika.

Hisabati inayodaiwa

Ugumu wa ukokotozi unakula hisabati ya kila aina: kuhesabu michanganyo, grafu, uwezekano, aljebra ya polinomia. Huwezi kujua mapema utahitaji ipi. Nadharia ya ujifunzaji ina mahitaji yanayotabirika zaidi: uwezekano na takwimu kwa kina, aljebra ya matriksi, na hisabati ya kutafuta kiwango bora. Aliyesoma takwimu vizuri katika shahada ya kwanza anaingia hapa akiwa mbele ya wenzake. Uhakiki rasmi unadai mantiki, uthibitisho kwa induksheni, na nadharia ya tipu, yaani ya aina za thamani katika programu. Hii ya mwisho wengi wetu hatukufundishwa darasani, lakini mtu aliyezoea kuandika programu huizoea haraka kuliko anavyodhani.

Siku ya kazi ilivyo

Hapa ndipo watu hukosea kuchagua, maana huvutiwa na swali bila kuuliza watashinda wakifanya nini.

Mtafiti wa ugumu anaweza kumaliza wiki kadhaa akiwa hana hata mstari wa kuonyesha. Anajenga hoja, inavunjika, anajenga nyingine. Tena katika fani hii zimethibitishwa sababu za hoja kuvunjika: mwaka 1975 Baker, Gill na Solovay walionyesha kwamba kundi zima la mbinu haliwezi kulitatua swali la P na NP, na mwaka 1994 Razborov na Rudich wakafunga mlango mwingine mkubwa. Anayeanza leo anapaswa kujua ni milango gani imefungwa. Kuna watu ambao hali hii inawapa raha. Wanapenda kukaa na jambo moja hadi liwazoee. Wengine inawavunja moyo kabisa, na huko si kukosa akili.

Uhakiki rasmi ni kinyume chake. Unakaa na msaidizi wa uthibitisho, programu kama Lean, Isabelle au Rocq iliyokuwa ikiitwa Coq, na kila hatua unayoandika inakubaliwa au inakataliwa papo hapo. Huwezi kusema "ni wazi kwamba", mashine haikubali. Kazi ni ndefu na ya subira. Kiini cha mfumo endeshi kiitwacho seL4, kilichothibitishwa mwaka 2009 huko Australia, kina mistari takribani 8,700 ya lugha ya C, na uthibitisho wake ulifikia takribani mistari 200,000. Lakini kila jioni unajua umefika wapi, na kilichokubaliwa jana hakihitaji kutiliwa shaka leo. Kwa mtu anayefanya utafiti huku akifundisha muda mwingi au akilea watoto, hilo lina thamani kubwa: unaweza kuacha kazi katikati na kuirudia usiku mwingine bila kuanza upya.

Nadharia ya ujifunzaji iko kati ya hizo mbili. Asubuhi ubao, jioni jaribio dogo kwenye laptopu la kuona kama theoremu unayoihisi ina ukweli. Jaribio linaweza kukuokoa na miezi ya kuthibitisha kitu kisicho kweli. Lina hatari yake pia, maana ni rahisi kuendelea na majaribio na kuacha uthibitisho, na ukafika mwisho wa mwaka ukiwa na grafu nzuri zisizo na theoremu.

Muda hadi tokeo la kwanza

Uhakiki ndio unaolipa mapema zaidi. Maktaba ya hisabati ya Lean inapokea michango midogo, na mwanafunzi mwenye bidii anaweza kuthibitisha kipande kinachokosekana na kikakubaliwa muda mfupi baada ya kuzoea zana. Nadharia ya ujifunzaji inafuata: kuchukua theoremu inayojulikana na kuichunguza chini ya sharti jipya ni mada halali ya uzamili. Ugumu ndio wenye kutabirika kidogo kuliko zote.

Hata hivyo nisingependa mtu aukimbie kwa hofu tu. Mwaka 2002 Manindra Agrawal, mwalimu katika chuo cha IIT Kanpur huko India, pamoja na Neeraj Kayal na Nitin Saxena waliokuwa ndiyo kwanza wamemaliza shahada ya kwanza, walitoa algoriti ya haraka na ya uhakika ya kutambua namba tasa, swali lililokuwa limewashinda wakubwa wa fani. Uthibitisho wao ulitumia hisabati ambayo mwanafunzi mzuri anaifuata. Na mwaka 2025 Ryan Williams alionyesha kwamba ukokotozi unaochukua hatua t unaweza kufanywa kwa kumbukumbu isiyozidi sana kipeuo cha pili cha t, na hivyo kuvuka kiwango kilichokuwa kimesimama tangu 1975. Fani inasonga. Inasonga kwa mruko, na huwezi kupanga mruko kwenye ratiba ya miaka miwili.

Vifaa na makala

Kigezo hiki hakitenganishi sana. Ugumu unahitaji kalamu. Uhakiki unahitaji laptopu yenye kumbukumbu ya kutosha, kwa sababu maktaba ya Lean ni kubwa kuipakua na nzito kuiendesha. Panga bando lako au tumia mtandao wa chuo. Nadharia ya ujifunzaji inatosheka na laptopu ya kawaida, ilimradi usiteleze kwenye mashindano ya modeli kubwa. Makala za njia zote tatu zinapatikana bure kwa wingi: arXiv kwa wote, ECCC kwa ugumu, PMLR na JMLR kwa ujifunzaji, na LIPIcs kwa sehemu kubwa ya ugumu na uhakiki. Hakuna sababu ya kununua makala.

Watu

Kwa ukanda wetu, nadharia ya ujifunzaji ina watu wengi zaidi wa karibu, ingawa wengi wao wanafanya matumizi kuliko nadharia. Deep Learning Indaba, iliyoanza Johannesburg mwaka 2017 na kufika Nairobi mwaka 2019, huwakutanisha watafiti wa bara zima. Masakhane imekusanya wanaoshughulikia lugha za Kiafrika, Kiswahili kikiwamo. Mwaka 2023 kongamano la ujifunzaji wa mashine la ICLR lilifanyika Kigali, na jijini humo kuna AIMS, taasisi ya Afrika ya sayansi za hisabati, na tawi la chuo kikuu cha Carnegie Mellon. Ukiwa na swali la takwimu, utampata wa kumuuliza.

Ugumu na uhakiki vina wasimamizi wachache. Usikate tamaa mapema, bisha hodi idara ya hisabati. Mhadhiri wa aljebra au wa mantiki anaweza kuwa msimamizi bora wa ugumu kuliko mhadhiri wa kompyuta anayefundisha hifadhidata, mradi mkubaliane tangu mwanzo kwamba mtaisoma fani pamoja. Uhakiki una faida ya pekee hapa, kwamba mashine yenyewe inakukosoa. Msimamizi asiyejua Lean hawezi kukuambia kama uthibitisho wako ni sahihi, ila Lean itakuambia. Kisichokosolewa na mashine ni kama unachokithibitisha kina maana kwa mtu yeyote, na hilo linahitaji binadamu.

Baada ya shahada

Nadharia ya ujifunzaji ndiyo yenye milango mingi nyumbani: mabenki, kampuni za simu, taasisi za takwimu, mashirika ya kilimo na afya. Anayejua kwa nini modeli inaweza kukosea anahitajika zaidi ya anayejua kuiendesha tu. Ugumu unaelekea zaidi kwenye ualimu wa chuo na kriptografia. Uhakiki una soko kubwa nje, kwa watengenezaji wa vichakataji, mifumo ya ndege na huduma za wingu. Intel ilitenga dola milioni 475 baada ya kasoro ya kugawanya namba kwenye Pentium mwaka 1994, na roketi ya Ariane 5 ililipuka mwaka 1996 sekunde zipatazo 40 tu baada ya kuruka, kwa sababu namba ya biti 64 ililazimishwa kuingia kwenye biti 16. Viwanda hivyo vilijifunza kwa gharama. Hapa kwetu ajira zenye jina hilo ni chache, ingawa fedha za watu zinazopita kwenye simu kila siku zinastahili msimbo uliothibitishwa, nami natamani kuona kizazi kinachoifanya kazi hiyo hapahapa.

Kuchagua kwa hali yako

Ukiwa na msimamizi mmoja tu anayekuelewa, mfuate huyo kabla ya kufuata mada. Njia hizi zinaungana kuliko zinavyoonekana kwa nje. Avrim Blum na Ronald Rivest walithibitisha mwaka 1988 kwamba kufundisha hata mtandao wa neva wenye nodi 3 ni tatizo gumu la aina ya NP. Hiyo ni ugumu na ujifunzaji katika makala moja. Mwaka 2017 Guy Katz na wenzake walionyesha jinsi ya kuhakiki mitandao ya neva ya mfumo wa kuzuia ndege kugongana, na wakathibitisha kwamba uhakiki huo nao kwa ujumla ni mgumu wa aina hiyohiyo. Unaweza kuingia kwa mlango wa msimamizi wako na baadaye ukahamia chumba cha jirani.

Ukiwa na ufadhili wa miaka miwili na lazima umalize kwa wakati, ugumu mtupu ni kamari kubwa. Chukua uhakiki wa algoriti moja yenye umuhimu, au theoremu moja ya ujifunzaji chini ya sharti linalohusu data za kwetu, kama lile la majani ya Pwani na Kagera. Ukitaka ugumu tu, fanya andiko la kupitia na kupanga matokeo ya eneo moja jembamba, ukiwa na swali dogo la kwako pembeni.

Ukiwa mwajiriwa wa chuo, una mshahara, na hakuna anayekuhesabia makala kila mwaka, ugumu unakufaa kuliko unavyofikiri. Fani hiyo inahitaji watu wenye muda mrefu.

Ukitoka kwenye takwimu au uchumi, usianze mantiki upya. Nadharia ya ujifunzaji inakusubiri. Ukitoka kwenye uandishi wa programu na hisabati ya uwezekano ilikusumbua, uhakiki utakupa heshima ya uthibitisho bila kukupitisha huko.

Na kama bado uko katikati, tenga mwezi wa likizo. Wiki ya kwanza thibitisha kwa mkono kwamba kupanga ratiba ya vipindi 3 ni tatizo gumu la aina ya NP, ukianzia kwenye tatizo la Cook, lile la kujua kama fomula ya mantiki inaweza kuwa kweli. Wiki ya pili thibitisha ile hesabu ya mifano 370 kutoka mwanzo, kisha uiandikie programu fupi ya kuijaribu. Wiki ya tatu sakinisha Lean na uthibitishe kwamba kupanga orodha kwa kuchomeka kunarudisha orodha iliyopangika yenye vitu vilevile. Wiki ya nne usijipangie kitu. Angalia ni daftari lipi unalifungua mwenyewe.